Shauri la machungwa lisiondolewe mahakamani kwa ahadi ya mdomo

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua nizungumzie jambo ambalo kwa wiki kadhaa sasa limekuwa gumzo kwa wakulima na wafanyabiashara wa machungwa wa Muheza na wa hapa Tanga mjini, nalo ni mpango wa kuliondoa mahakamani shauri ambalo kikundi chetu kililifungua kupinga sehemu ya amri ya serikali inayowakataza watu wasio raia kununua mazao shambani. Mimi ni mwanachama wa kikundi hicho, nina shamba la machungwa upande wa Mkuzi, na kabla ya kustaafu nilikuwa karani wa mahakama. Naandika kwa niaba yangu mwenyewe. Mazungumzo na serikali nayaunga mkono, na viongozi wetu waliofikia uamuzi wa kuliondoa shauri nawaheshimu. Ninachokipinga ni kuliondoa sasa, kwa ahadi ambayo haijaandikwa popote, ilhali sheria inaturuhusu kuzungumza huku jalada letu likiwa bado hai.

Kwa msomaji ambaye hakulifuatilia suala hili tangu mwanzo, amri ninayoizungumzia ilitangazwa Julai 28, 2025 na Dkt. Selemani Jafo, aliyekuwa Waziri wa Viwanda na Biashara, chini ya Sheria ya Leseni za Biashara. Ilitaja aina 15 za biashara ambazo asiye raia haruhusiwi kuzifanya nchini, zikiwemo biashara ya jumla na rejareja, uwakala wa kutuma na kupokea fedha kwa simu, ufundi wa simu, saluni, uchimbaji mdogo wa madini, kuongoza watalii, udalali, na kununua mazao shambani. Asiye raia akipatikana na hatia anakabiliwa na faini isiyopungua shilingi milioni 10, kifungo kisichozidi miezi 6, na kufutiwa viza na kibali cha ukaazi. Raia anayemsaidia naye hakuachwa: faini yake ni shilingi milioni 5 au kifungo cha miezi 3.

Niseme wazi kwamba sehemu kubwa ya amri hiyo naiunga mkono. Malalamiko ya wafanyabiashara wa Kariakoo, kwamba wageni wameingia mpaka kwenye meza za rejareja ambazo kijana wa Kitanzania angeweza kuzishika, yalikuwa ya kweli na yalistahili kusikilizwa. Hakuna mkulima wa Muheza ninayemfahamu anayetaka mgeni afungue saluni au kibanda cha kutuma fedha hapa Ngamiani. Shauri letu halikugusa mambo hayo. Liligusa kipengele kimoja tu, cha kununua mazao shambani, pamoja na adhabu inayomwangukia raia anayemsaidia mnunuzi, kwa sababu hapo ndipo amri inapokutana na maisha yetu ya kila msimu.

Yeyote aliyepita barabara kuu ya kutoka Segera kuja Tanga wakati wa msimu ameyaona machungwa ya Muheza yakiwa yamerundikwa pembeni mwa barabara. Sehemu ya machungwa hayo huenda Dar es Salaam na mikoa mingine, lakini kwa miaka mingi mnunuzi ambaye mkulima wa kwetu amemtegemea ili bei isianguke ni yule anayetoka Kenya, anayepitia Lungalunga na Horohoro na kurudi na mzigo wake kuelekea Mombasa au Nairobi. Mnunuzi huyo haji sokoni kutupa macho tu. Anakuja shambani, anatembea kati ya miti, anaangalia ukubwa wa chungwa na kiasi cha maji yake, anajua hii ni Msasa na ile ni Valencia, anakubaliana bei na mwenye shamba, kisha anawalipa wachumaji, wahesabuji na wapakiaji, ambao wote ni vijana wa kijiji hichohicho. Dalali wa kijijini ndiye aliyemwonyesha njia, naye hupata chake. Mama ntilie aliye karibu na gari linalopakiwa hupata chake pia.

Wapo wanaosema kwamba biashara ya namna hiyo ina udanganyifu, na mimi sikatai. Wapo wanunuzi waliowakuta wakulima wana shida ya ada ya shule au ya matibabu wakanunua shamba zima likiwa bado kwenye maua kwa bei ya kusikitisha. Lakini wanunuzi wa aina hiyo wengi ni raia wenzetu, na amri ya Julai 2025 haiwagusi. Dawa ya ulanguzi ni kuwa na mahali pa wazi pa kuuzia, mizani au hesabu inayoaminika, na bei inayojulikana asubuhi kabla ya gari la kwanza kupakia. Mambo hayo hayakuwekwa kwanza. Kilichotangulia ni katazo, na mkulima akaachwa na chungwa lililokwisha kuiva juu ya mti. Chungwa halina ghala kama mahindi, wala halikaushwi likawekwa kama karafuu. Kiwanda cha kusindika matunda kinachoweza kuyapokea yote yanayozidi soko tumekililia kwa miaka mingi. Kwa hiyo mnunuzi mmoja anapopungua, yule anayebaki hujua kwamba mwenye shamba hana pa kwenda, na bei huiamua yeye.

Hofu kubwa zaidi imeingia kwa dalali. Kijana anayempeleka mnunuzi wa Kenya kwenye shamba la mjomba wake hajui kama kwa kufanya hivyo amekuwa yule raia anayemsaidia asiye raia. Hajui kama mnunuzi akisimama barabarani, machungwa yakaletwa hapo na mwenye shamba mwenyewe, hiyo nayo itahesabiwa kuwa ni kununua shambani. Hajui kama kituo cha kukusanyia mazao cha kijiji kiko ndani ya katazo au nje yake. Faini ya shilingi milioni 5 kwa kijana wa aina hiyo ni sawa na kumfungia maisha, na ndiyo maana wengi wamekaa pembeni badala ya kubahatisha. Tuliiomba Mahakama Kuu itazame hilo: kama ni haki kumtia raia katika hatari ya kifungo kwa kitendo ambacho mipaka yake haikuelezwa, na kama wakulima tunaoathirika moja kwa moja hatukustahili kusikilizwa kabla ya kipengele hicho kuanza kutumika. Hilo ni swali la kisheria ambalo raia ana haki ya kuliuliza. Ibara ya 26 ya Katiba yetu inampa kila mtu haki ya kuchukua hatua za kisheria kuhakikisha hifadhi ya Katiba na sheria za nchi, na kwa kulitumia fungu hilo hatukumtukana mtu wala kuivunjia serikali heshima.

Sasa tumeelezwa kwamba kumekuwa na mazungumzo, kwamba yamekwenda vizuri, na kwamba kuna kiongozi aliyewaambia wawakilishi wetu kuwa kipengele cha mazao kitatazamwa upya, ila kwanza shauri liondolewe, kwa kuwa serikali haiwezi kujadiliana na mtu aliyeipeleka mahakamani. Sikuwamo katika kikao hicho. Nayachukua maneno hayo kama yalivyoletwa kwetu, na naamini kwamba aliyeyasema aliyasema kwa nia njema. Hata hivyo, kiongozi hubadilishwa kituo, waziri huhamishiwa wizara nyingine, na anayekuja baadaye hafungwi na neno alilolisema mwenzake mezani. Amri iliyotolewa kwa Tangazo la Serikali hubadilishwa kwa Tangazo la Serikali. Mpaka hapo itakapobadilishwa, askari aliye kizuizini na hakimu aliye kortini wataifuata kama ilivyochapishwa, na dalali akikamatwa Muheza hawezi kujitetea kwa kusema kwamba katika kikao fulani tuliahidiwa. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na katika mambo ya sheria daftari ni Gazeti la Serikali.

Naomba sasa nieleze jambo la taratibu, kwa sababu ninaona ndilo ambalo wanachama wenzangu hawajaelezwa vya kutosha. Wengi wanadhani kwamba kuondoa shauri ni kama kuahirisha harusi: tarehe ikiwa mbaya, tutaitafuta nyingine. Sheria haisemi hivyo. Amri ya 23 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inasema kwamba mdai anaweza kuiondoa kesi yake, lakini akiiondoa bila ruhusa ya mahakama ya kuifungua upya, anazuiwa kufungua kesi nyingine juu ya jambo lilelile, na mahakama inaweza kumwamuru alipe gharama za upande wa pili. Mtu akisikia hapo atasema, basi tuombe ruhusa ya kuifungua upya na mambo yataisha. Wakili wetu, tulivyoambiwa, ataiomba ruhusa hiyo, na pengine itatolewa. Lakini amri hiyohiyo, katika kanuni inayofuata, inaendelea kusema kwamba anayefungua kesi mpya kwa ruhusa hiyo atabanwa na ukomo wa muda kama vile kesi ile ya kwanza haikuwahi kufunguliwa kabisa. Maana yake ni kwamba muda uliopita tukiwa mahakamani haturudishiwi.

Kanuni hiyo imeandikwa kwa ajili ya kesi za madai, na shauri letu ni la kuomba mapitio ya mahakama juu ya uamuzi wa serikali, ambalo lina kanuni zake za mwaka 2014. Kwa upande wetu kanuni hizo ni kali zaidi. Anayetaka mapitio lazima kwanza aombe ruhusa ya mahakama, na ombi hilo liwasilishwe ndani ya miezi sita tangu uamuzi anaoulalamikia ulipotolewa. Msomaji ahesabu mwenyewe: kuanzia Julai 28, 2025, miezi sita imekwisha mwishoni mwa Januari 2026. Sisi tulikuwa ndani ya muda tulipofungua. Tukitoka leo, na mazungumzo yakavunjika kesho kutwa, hatutaweza kurudi tulipokuwa. Italazimu kwanza tuiombe mahakama ituongezee muda, tueleze kwa nini tulichelewa, na sababu yetu itakuwa kwamba tulitoka wenyewe kwa hiari yetu tukiamini ahadi. Nimekaa masjala miaka mingi ya kutosha kujua jinsi maombi ya namna hiyo yanavyopingwa na mawakili wa upande wa pili, na sitaki kuyaona yakiandikwa kwa jina la kikundi chetu.

Wapo walionijibu kwamba mlango wa Arusha bado uko wazi, kwamba kama ya nyumbani yakishindikana tutakwenda Mahakama ya Afrika Mashariki, kwa sababu Tanzania na Kenya ni wanachama wa Umoja wa Forodha wa Jumuiya ya Afrika Mashariki ulioanza mwaka 2005 na wa Soko la Pamoja lililoanza Julai 2010. Kwa heshima naomba niwasahihishe. Mkataba wa Jumuiya, katika Ibara ya 30, unampa mlalamikaji miezi miwili tu tangu sheria au kitendo kinacholalamikiwa kilipotokea au alipokifahamu, na mahakama hiyo imekwisha kuamua zaidi ya mara moja, ikiwemo katika rufaa ya Mwanasheria Mkuu wa Uganda dhidi ya Omar Awadh na wenzake iliyoamuliwa mwaka 2013, kwamba haina mamlaka ya kuurefusha muda huo. Miezi miwili tangu Julai 28 iliisha Septemba 2025. Hivyo mlango tulionao ni huu mmoja wa Mahakama Kuu, na ndio ambao tunashauriwa tuufunge kwa mikono yetu.

Hoja ya kwamba serikali haiwezi kuzungumza nasi kwa kuwa suala liko mahakamani nayo naomba iangaliwe upya. Ni kweli kwamba jambo lililo mbele ya jaji halipaswi kuhukumiwa majukwaani, na mimi mwenyewe katika barua hii nimejizuia kusema nani atashinda. Lakini katazo hilo halikuwekwa ili wahusika wa kesi wasikae mezani wakapatana. Amri ya 23 hiyohiyo niliyoitaja ina kanuni ya tatu, inayosema kwamba wahusika wakipatana kihalali, mahakama itayaandika makubaliano yao na kutoa amri kulingana nayo. Katika kesi za kawaida za madai usuluhishi ni hatua ambayo mahakama yenyewe huwapeleka wahusika kabla ya kusikiliza mashahidi. Serikali ina Ofisi ya Wakili Mkuu wa Serikali, na mawakili wake hukaa na wadai na kumaliza mashauri kwa mapatano bila kuwataka kwanza watoke mahakamani mikono mitupu. Tunachopaswa kuomba siku shauri litakapotajwa ni ahirisho la muda unaotosha mazungumzo, pande zote mbili zikiridhia. Jaji akiambiwa na mawakili wa pande zote kwamba wahusika wanazungumza, mara nyingi hutoa nafasi. Mazungumzo yakizaa matunda, makubaliano yaandikwe, tangazo la kurekebisha amri litoke, ndipo shauri liondolewe, na siku hiyo nitakuwa wa kwanza kutia sahihi. Yasipozaa, tutaendelea kutoka pale tulipoishia.

Nakiri kwamba mazungumzo mara nyingi huenda kasi kuliko hukumu. Machi 2021, Kenya ilipozuia mahindi kutoka Tanzania na Uganda kwa sababu ya sumukuvu, yaani sumu inayotokana na ukungu, zuio lililotolewa kwa barua ya Machi 5 lililegezwa ndani ya siku chache, na lililegezwa kwa masharti yaliyotangazwa hadharani: waagizaji wajisajili, mzigo uwe na cheti kinachoonyesha kwamba sumukuvu haizidi sehemu 10 kwa bilioni, na maghala yajulikane. Mfanyabiashara wa mahindi alijua ashike karatasi gani anapofika mpakani. Aprili 2025 serikali yetu nayo iliyazuia mazao ya kilimo kutoka Malawi na Afrika Kusini, kisha ikaliondoa zuio hilo baada ya nchi hizo kuwasiliana nasi. Katika mambo yote mawili waliozungumza walikuwa serikali na serikali, wenye mabalozi na makatibu wakuu, na matokeo yalitangazwa. Sisi ni kikundi cha wakulima wa wilaya moja. Hatuna balozi. Kitu pekee kinachotufanya tusikilizwe mezani kwa sasa ni kwamba jina letu limo katika orodha ya mashauri yanayosubiri kusikilizwa.

Na kwa wale wanaosema kwamba mahakama hazina meno katika mambo ya biashara, wakumbuke shauri la kampuni ya sigara ya British American Tobacco dhidi ya Uganda. Mwaka 2017 Uganda ilipitisha sheria iliyozitoza sigara zilizotengenezwa nje ya nchi hiyo, hata zile zilizotoka Kenya, ushuru mkubwa kuliko zilizotengenezwa ndani. Kampuni ilikwenda Arusha, ikakaa na shauri lake mpaka mwisho, na Machi 26, 2019 mahakama ikaamua kwamba tofauti hiyo inakwenda kinyume na Mkataba wa Jumuiya. Ilichukua muda, na kampuni tajiri inaweza kungoja kuliko mkulima, hilo silifichi. Ninalolisema ni kwamba shauri lililobaki hai lina uzito, na aliye upande wa pili anaujua uzito huo.

Kuna neno lingine ambalo limewaumiza baadhi ya wenzetu, na naamini ndilo lililowasukuma viongozi kutaka kulimaliza jambo hili haraka. Tumeitwa mawakala wa Wakenya. Tumeambiwa vijiweni kwamba tunawatetea wageni dhidi ya nchi yetu. Waombaji wote katika shauri lile ni raia wa Tanzania, wenye mashamba Tanzania, wanaolipa ushuru wa mazao kwa halmashauri ya Tanzania. Tunamtafutia mnunuzi mali iliyozalishwa na mkono wa Mtanzania. Hapa Tanga, tena, mpaka wa Horohoro umepita katikati ya ukoo: Mdigo wa Mkinga ana shangazi Kwale, na Msegeju ana wajukuu pande zote mbili. Biashara ya matunda, nazi na samaki katika pwani hii ni ya zamani kuliko kituo cha forodha chenyewe. Hatuombi mpaka ufutwe. Serikali ina haki na wajibu wa kuusimamia, na kituo cha pamoja cha Horohoro na Lungalunga, pamoja na utaratibu rahisi wa Jumuiya unaomwezesha mfanyabiashara mdogo mwenye mzigo usiozidi dola 2,000 za Marekani kupata cheti cha uasili wa bidhaa palepale mpakani, ni kazi nzuri iliyofanywa na serikali hizihizi. Ni vigumu kuelewa kwa nini chungwa lirahisishiwe njia Horohoro huku likizuiwa Mkuzi.

Gharama nazo zimetajwa. Ni kweli wakili analipwa, na michango imekuwa ya kusuasua tangu bei iliposhuka. Lakini ahirisho halina gharama ya kulinganishwa na kufungua shauri upya, na kama fedha ndizo tatizo, basi wanachama waambiwe hivyo na waulizwe kama wako tayari kuchanga tena. Mimi niko tayari, na najua wengine kadhaa walio tayari.

Jambo linalonisikitisha kuliko yote ni namna tulivyoletewa karatasi ya kutia sahihi. Ilikuja kwa Kiingereza, kurasa chache, na aliyeileta aliwaambia wazee wa kijijini kwamba ni ya mazungumzo. Baadhi walitia dole gumba. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021, Kiswahili ndiyo lugha ya sheria na ya mahakama katika nchi hii, na hata kabla ya hapo hakuna kilichomzuia mtu kuwasomea wazee kwa lugha wanayoielewa hati inayohusu riziki yao. Mzee mmoja, jirani yangu wa shamba, aliponiletea nakala nimsomee, akaelewa kwamba ametia dole kuliondoa shauri, alikaa kimya kwa muda, kisha akauliza kama anaweza kulifuta dole lake. Nilimwambia kwamba hati hiyo bado haijawasilishwa masjala, hivyo anaweza kuandika barua kwa wakili kuikana, na tuliiandika siku hiyohiyo. Simtuhumu mtu kwa hila. Lakini hati iliyotiwa dole na watu wasiojua imesema nini haina thamani mbele ya wanachama, hata kama masjala itaipokea.

Kwa hiyo, Ndugu Mhariri, kupitia gazeti lako nawaomba viongozi wa kikundi chetu waitishe mkutano wa wanachama wote kabla ya tarehe ya shauri kutajwa, pale Muheza ambapo wa Potwe na wa Mkuzi wanaweza kufika bila nauli kubwa. Hati ya kuliondoa shauri isomwe kwa Kiswahili, kifungu kwa kifungu. Kama kuna barua yoyote kutoka serikalini inayohusu kurekebisha kipengele cha mazao, isomwe pia. Kama haipo, wanachama waambiwe kwamba haipo. Wakili wetu aalikwe aulizwe mbele ya wote kuhusu ukomo wa miezi sita, na kama nimekosea katika nilichokieleza, anisahihishe hadharani. Kura ipigwe baada ya hapo, si kabla.

Kwa upande wa serikali ninaomba jambo dogo ambalo halihitaji kungoja hukumu wala mapatano: itoe ufafanuzi wa maandishi, kwa Kiswahili, ubandikwe katika ofisi za vijiji, unaoeleza mnunuzi asiye raia anaruhusiwa kununulia wapi, kama ni katika kituo cha kukusanyia, katika chama cha ushirika au sokoni, na dalali wa Kitanzania anaweza kumsaidia mpaka wapi bila kuvunja sheria. Halmashauri nazo zitenge vituo hivyo vya kuuzia kabla msimu mkubwa wa katikati ya mwaka haujaanza, kwa sababu miti mashambani imekwisha kubeba, na wanunuzi wa kutoka Kenya wameanza kupiga simu kuuliza kama waje au wasije.

Mkulima wa machungwa na karani wa mahakama mstaafu,
Ngamiani, Tanga.